Isale Mbele ya Kamera

Eliona alikuwa na kawaida moja ya asubuhi ambayo majirani zake wa Kirua Vunjo waliijua, na wengine waliicheka chinichini. Kabla ya kukamua ng'ombe alitoka na kikombe chake cha chai ya rangi, akapita katikati ya migomba yake mpaka mwisho wa kihamba, lile shamba la urithi, akasimama mbele ya mstari wa masale na kutazama ng'ambo. Masale ni yale majani marefu ya kijani ambayo huku mlimani hupandwa mpakani. Ng'ambo ya mstari ule, karibu kiasi cha kurusha kokwa ya parachichi, palikuwa na kaburi la mumewe Yoramu. Na juu kidogo ya msalaba, kwenye kisiki cha mbuni wa kahawa, kila siku alifungwa beberu wa shemeji yake Efraimu.

Mtu asije akadhani kwamba Yoramu alizikwa kwenye shamba la mdogo wake. Alizikwa kwake, kwenye kihamba alichopewa na baba yake. Kaburi halikuhama. Kilichohama ni mpaka, na ulihama juma lile Eliona alipokuwa Mwika kwenye msiba wa dada yake. Aliporudi alikuta masale yamesimama mahali papya, yamelegea kama watu waliotoka kuamshwa, na Efraimu akamweleza kwa utulivu kwamba anasahihisha tu jambo ambalo marehemu baba yao alimwambia kabla ya kukata roho. Aliambiwa akiwa peke yake, bila shahidi. Efraimu alikuwa mwimbishaji wa kwaya usharikani na sauti yake nzuri ilimfanya aaminike hata pale asipostahili.

Wazee wa ukoo walikaa kusikiliza kesi. Kukaa kwao kulihitaji mbege, ile pombe ya ndizi na ulezi, na mbege aliipika Eliona. Walikunywa, wakatikisa vichwa, wakasema jambo hili ni zito na linataka kikao kingine. Kikao kingine nacho kilitaka mbege. Eliona akaona kwamba kesi hii itammalizia ulezi wote wa ghalani kabla haijaisha yenyewe, akaacha kupika, na wazee wakaacha kukaa.

Alichotaka hakikuwa siri kwa mtu. Alitaka mpaka urudi ulipokuwa, apalilie kaburi la mumewe bila kupiga hodi kwa yeyote. Na alitaka Efraimu aje mwenyewe na jani la isale lililofungwa fundo, amwombe msamaha. Jani hilo lina uzito wake. Mtu akikujia nalo mbele ya mashahidi na wewe ukalipokea, ugomvi umekwisha, na atakayeufufua anajitafutia balaa yeye na watoto wake. Mchungaji husema hayo ni mambo ya kale, lakini hata mchungaji akiletewa isale hujikuta amekwisha kunyoosha mkono. Efraimu aliyajua yote hayo, ndiyo sababu alikaa mbali na jani lile kama mtu anayekwepa mdai wake sokoni.

Mambo yalikuwa hivyo mpaka watu wa filamu walipokuja.

Ulikuwa mwaka mmoja kabla ya uchaguzi wa vyama vingi, wakati wanunuzi binafsi wa kahawa ndio kwanza wanaanza kupanda mlimani na mizani zao. Gari lilipoingia kijijini, watu walitoa magunia nje wakajipanga. Kumbe ndani hamkuwa na mizani. Alikuwamo mama mmoja Mzungu wa makamo aliyeitwa Inge, mwenye sauti ya upole ya mtu aliyezoea kusikilizwa, na mpiga picha wake mwenye ndevu, na dereva ambaye ndiye pia mkalimani. Huyo alikuwa Bhavesh, mtoto wa Ramnik mwenye duka la vipuri mjini Moshi. Bhavesh alimwamkia Eliona shikamoo, akamweleza kwamba wageni wanatengeneza filamu ya watu wa mlimani ambao dunia haijawagusa.

Dunia ilikuwa imewagusa watu wa Kirua tangu enzi za Mjerumani. Iliwaachia kahawa, tenzi za Kilutheri na kodi, na siku hizi iliwaletea mitumba. Lakini mgeni hapingwi mlangoni, na Eliona akawakaribisha ndani. Inge alimtazama usoni kwa muda, akamgeukia mpiga picha, wakaongea kwa lugha yao. Bhavesh akatafsiri kwamba uso wa mama una historia. Eliona alikuwa amelala vibaya tu, kwa ajili ya ng'ombe aliyekuwa anakaribia kuzaa.

Basi ikaanza kazi ya kuiondoa dunia iliyokwisha kugusa. Saa ya ukutani ilitolewa, halafu redio, kalenda ya usharika na ndoo ya plastiki. Kitanda cha chuma chenye springi, alichonunua Yoramu kwa fedha za kahawa miaka ile kahawa ilipokuwa kahawa, kilitazamwa kwa masikitiko. Bati halikuweza kutolewa. Likapatikana suluhisho kwa jirani yake Aminieli, mzee wa ukoo, ambaye alikuwa na msonge wa nyasi alioachiwa na babu yake, nao ulikuwa zizi la mbuzi. Mbuzi walitolewa, Eliona akaingizwa. Aliambiwa atoke mlangoni polepole huku akitazama mlima, naye akatoka, huku akijipukuta viroboto.

Mwisho Inge akamwomba miwani. Alisema kwa adabu sana, akajishika kifuani kuonyesha kwamba anasikitika. Bila miwani Eliona aliona mikono yake mwenyewe na kidogo cha mbele yake, na baada ya hapo dunia yote ilikuwa ukungu. Akaivua, Bhavesh akaitia mfukoni mwa shati lake.

Bhavesh naye alipata lake. Aliingia ndani ya picha kwa bahati mbaya, amebeba kigoda, na mpiga picha akasimamisha kazi. Inge akamweleza kwa upole uleule kwamba inabidi asionekane, watazamaji watachanganyikiwa. Bhavesh akarudi nyuma na kusema kwa Kiswahili, bila kumwambia mtu hasa, kwamba yeye amezaliwa Njoro, palepale Moshi, na baba yake amezaliwa Njoro. Eliona alimsikia, akamwonea huruma kuliko alivyojionea mwenyewe.

Siku iliyofuata Inge alikaa jikoni akimwangalia Eliona akikoroga mtori wa ndizi, akauliza kuhusu isale. Alikuwa amesoma habari zake kwenye kitabu cha mmisionari wa zamani. Je, angeweza kuonyeshwa jinsi mtu anavyoomba msamaha? Ingekuwa ndiyo moyo wa filamu nzima.

Mwiko ulisimama. Eliona alitazama ndani ya sufuria kwa muda ambao mtori haukuhitaji.

"Mwambie inawezekana," akamwambia Bhavesh. "Lakini isale haliombwi na mtu yeyote tu. Lazima awe ndugu wa marehemu mume wangu, na lazima alichume kwenye mpaka wetu, na wazee wa ukoo wawepo."

Nusu ya maneno hayo ilikuwa mila. Nusu nyingine aliitunga palepale kwenye mvuke wa mtori. Inge aliandika yote kwa furaha.

Kumpata Efraimu haikuwa kazi. Alipoambiwa kwamba ataonekana Ulaya alifika mapema kuliko wote, amevaa suti yake ya bluu na tai ya kwaya. Inge alishika kichwa. Yakafanyika mazungumzo marefu, suti ikavuliwa, Efraimu akafungwa shuka begani. Viatu alivikatalia katakata, ikabidi apigwe picha kuanzia magotini kwenda juu. Alisimama pale na shuka lake akiwa ameuma meno, na watu waliokuja kutazama walikuwa wengi kuliko wa Jumapili ya Matawi. Wazee wa ukoo walikuwa mbele, kwenye viti. Kamera ilifanya kwa asubuhi moja kile ambacho mbege ya Eliona ilishindwa kwa miaka, iliwakusanya wote mahali pamoja bila hata mmoja kulewa.

Mara ya kwanza Efraimu aliomba msamaha kama anayetangaza namba ya wimbo. Inge akainua mkono irudiwe, anaigiza mno. Mara iliyofuata alikwenda mbio kama mtu mwenye safari. Jani likanyauka mkononi, akatumwa kuchuma jingine mpakani, akarudi, akarudia, akatumwa tena. Vijana walianza kucheka, na jasho likaanza kumtoka mwimbishaji wa kwaya.

"Mzee," Bhavesh akamwambia, na alikuwa anaona haya, "anasema hujui kuigiza. Anaomba useme kama ni jambo la kweli."

Efraimu akauliza, la kweli lipi? Bhavesh akamuuliza Inge, akajibiwa. Alete moyoni jambo lolote linalomuuma, hilohilo, hakuna haja ya kulieleza.

Eliona alikuwa amekaa kwenye kigoda mlangoni pa msonge, na mbele yake Efraimu alikuwa doa tu la shuka na weusi. Alisikia akipumua. Kisha sauti ikaja kwa Kichagga, si ile sauti nzuri ya kwaya, bali nyingine ya chini iliyokwaruza.

"Mke wa kaka yangu, nimekukosea. Yoramu alinibeba mgongoni nilipokuwa siwezi kutembea. Na mimi nimekwenda kumfungia mbuzi kichwani. Naomba unisamehe."

Jani liliingia kwenye kile kidogo alichoweza kuona, pamoja na mkono uliolishika. Eliona alinyoosha mikono yote miwili akalipokea. Alitaka sana wakati ule aone uso wa mtu yule. Miwani ilikuwa mfukoni mwa Bhavesh, na Bhavesh, ambaye Kichagga hakijui, hakutafsiri chochote. Inge alilia. Alisema, sasa ndiyo.

Lakini Eliona alikuwa hajamaliza. Alipiga moyo konde akasema kwamba mila haiishii hapo. Msamaha ukishapokelewa, masale ya mpakani hung'olewa na mwombaji mwenyewe, yakapandwa pale mwombwaji atakapoonyesha kwa kidole. Mpiga picha alikuwa ameshabeba kamera begani kabla tafsiri haijaisha. Eliona akaonyesha kwa kidole, na hapo hakuhitaji miwani. Efraimu akashika jembe. Waliokuwapo wanasema alipofika katikati ya mstari alisita, akatazama kaburi, akatazama kamera, halafu akainama akaendelea. Kwa nini aliendelea, hapo kila mtu ana lake la kusema. Masale hayana maringo, ukiyachomeka yanashika. Jioni ile Yoramu alirudi nyumbani kwake.

Alfajiri baada ya wageni kuondoka, Efraimu alirudi na jembe. Inasemekana alitumwa na mkewe. Alimkuta Aminieli amekaa kwenye jiwe la njiani na bakora yake. Efraimu akasema yale yalikuwa filamu, na kila mtu aliona kwamba ni filamu. Aminieli hakubisha. Akamwambia ang'oe tu, wao watatazama, halafu watatazama pia yatakayofuata. Efraimu alisimama na jembe lake mpaka jua likawaka, kisha akaenda nalo nyumbani.

Tangu siku hiyo Kirua kulikuwa na mawazo mawili. Wako waliosema isale ni isale hata likishikwa na mtoto, na wako waliosema mchezo ni mchezo, mwenye filamu ndiye ajuaye. Eliona hakujiunga na upande wowote kwa sauti. Alipalilia kaburi, akapanda maua ya njano, na kila asubuhi alikunywa chai yake palepale akitazama masale yakinenepa. Alikuwa amepata alichotaka, na bado alilala na wasiwasi. Hakujua kama Efraimu alimwomba msamaha au alimwomba Inge ruhusa ya kwenda kuvaa suti yake. Kama ni hilo la pili, basi alichonacho ni ujanja wake tu.

Ndiyo maana Bhavesh alipotuma salamu kwamba kanda imefika, Eliona alishuka mjini siku hiyohiyo. Alimpitia binti yake Kindness, mwalimu huko Shirimatunda, wakaenda Njoro kwa akina Ramnik. Mama yake Bhavesh, Sulochana, aliwapa chai ya tangawizi na bhajia, akafunga mapazia ili video ionekane vizuri. Eliona akasafisha miwani kwa ncha ya kitenge na kusogeza kiti mpaka karibu na televisheni.

Alijiona akitoka zizini huku akitazama mlima. Sauti ya mwanamume ilizungumza kwa Kiingereza kwa huzuni nzito, na Kindness akatafsiri huku ameuma meno. Mama huyu hajawahi kuona saa. Maisha yake yanafuata jua na mizimu. Kisha ikaja sehemu ya isale, na sauti ikaeleza kwamba mzee huyu anamwomba mjane msamaha kwa niaba ya ukoo, ili mababu walegeze mioyo yao na mvua inyeshe. Hiyo ni Kirua, ambako mvua ikikosa siku tatu watu huulizana kulikoni. Eliona hakujali mvua. Alikuwa anangojea uso. Efraimu akaanza kusema, na kamera, ambayo ingeweza kwenda popote, ilikaa kwenye uso wa Eliona mwenyewe, ikakaa, ikakaa. Cha Efraimu kilichoonekana ni sikio na kisogo.

"Mama, wamekuweka zizini," Kindness akasema baadaye barabarani. Alikuwa analia kwa hasira. "Watu wa dunia nzima wamekuona zizini."

"Mimi nimetoka zizini na kihamba changu," Eliona akamjibu. "Wao wametoka na kanda."

Lakini naye hasira ilimshika, ila kwa jambo jingine. Walimtazama kwa siku kadhaa na mashine ya kuonea, na kitu kimoja alichotaka kuonyeshwa hawakukiona.

Filamu ilitembea. Usharika mmoja wa huko Ulaya uliguswa, ukatuma sanduku kwa mama wa mlimani: mablanketi, sabuni, na saa ya mezani yenye kengele pamoja na michoro ya kuonyesha namna ya kuisoma. Eliona aliiweka chini ya saa ya ukutani ya Yoramu. Zilipishana dakika chache, na ya Yoramu ndiyo iliyokuwa sahihi.

Miaka ikaenda. Efraimu alifiwa na mkewe, na Eliona akapika msibani kama shemeji yeyote. Baada ya hapo Efraimu akawa anapita, kwanza kwa kisingizio cha kuazima panga, baadaye bila kisingizio, anakula mtori, anaaga. Habari ya isale hawakuigusa hata siku moja. Beberu alichinjwa Krismasi moja na Efraimu akaleta paja. Lakini mtoto wake Eliudi, kijana aliyekuwa anapandisha watalii mlimani na kuongea Kiingereza cha haraka, alikuwa anatafuta pa kujenga. Mara mbili Eliona alimwona akipiga hatua kutoka kwenye nyumba ya baba yake mpaka kwenye masale, anapima kwa macho.

Halafu Bhavesh, ambaye sasa alikuwa na simu ya mkononi na mvi, akampigia Kindness. Inge anarudi.

Sababu aliyoieleza Inge ilimpendeza Bhavesh mwenyewe. Siku hizi Inge alikuwa anafundisha kutengeneza filamu, na siku moja alipowaonyesha wanafunzi ile yake ya Kirua, mmoja alinyoosha mkono akauliza yule mama alikuwa analala wapi hasa. Inge alijibu, lakini swali lile halikumtoka. Sasa anataka kuja kusema mbele ya watu wote kwamba mambo yale aliyapanga yeye, kwamba ombi la msamaha lilikuwa maigizo aliyoyaagiza, na kwamba lisihesabiwe kuwa kweli. Atalirekodi hilo pia, liwe filamu mpya. Na safari hii, Bhavesh akasema kwa fahari, yeye atakuwamo ndani ya picha.

Habari zilipofika Kirua, Eliudi alicheka. Alimwambia baba yake mbele ya watu dukani: mwenye mchezo akisema ulikuwa mchezo, basi na masale yale ni ya mchezo. Juma lile Efraimu hakupita kwa Eliona kula mtori.

Inge alifika na kichwa kilichokuwa cheupe chote. Alimkumbatia Eliona, akamwomba radhi kwa zizi, kwa saa, kwa ndoo na kwa mvua. Ile miwani aliyomvua alisahau kuitaja. Eliona alimkalisha, akamweleza yote kupitia kwa Bhavesh, bila kuficha. Mpaka, kaburi, beberu, na yale aliyoyatunga kwenye mtori. Akamwomba afanye toba yake kimya kimya, akiisema hadharani atamvunjia mpaka. Alidhani mtu aliyesafiri mbali namna ile kutafuta ukweli ataufurahia akiupata.

Inge akawa mweupe zaidi ya nywele zake. Aliposhusha pumzi akasema kwamba kumbe dhambi yake ni kubwa kuliko alivyojua. Alikuwa amemtumia mzee wa watu, akamvalisha shuka, akamfanya ang'oe mpaka wake bila hiari, mbele ya kamera. Lazima ampe nafasi ya kusema. Dhamiri ilikuwa imempanda kichwani, na dhamiri ya mtu aliyelipa nauli ya ndege hairudishwi nyuma na kikombe cha chai. Eliona alinyanyuka akaenda kumpa ng'ombe majani kwa sababu mikono ilitaka kufanya kitu. Aliogopa. Alimwogopa mama huyu mwema kuliko alivyowahi kumwogopa Efraimu.

Watu walikusanyika palepale, mbele ya msonge wa Aminieli, ambaye alikuwa ameletwa kwenye kiti, sikio lake moja limeziba. Kamera ilikuwa ndogo sasa, na aliyeishika ni kijana aliyekuja na Inge. Bhavesh alisimama ndani ya picha, ameoga na kunyoa, hajui mikono aiweke wapi. Inge alisema maneno yake, na ni haki kukiri kwamba aliyasema vizuri. Aliwaambia watu wa Kirua kwamba aliwafanya waonekane wasivyo. Kisha akamgeukia Efraimu, aliyekuwa amekuja na suti ileile ya bluu, ikimpwaya. Eliudi alikuwa nyuma yake.

"Mzee," Bhavesh akatafsiri, "anauliza, siku ile ulikuwa unaigiza?"

Eliona aliisukuma miwani juu ya pua. Ilikuwa nene kuliko ile ya zamani, na kila kitu kilikuwa wazi mbele yake: tai, ndevu nyeupe za kidevuni, jicho la kushoto linalotoa machozi hata bila sababu. Efraimu hakumtazama Inge wala mwanawe. Alitazama masale, ambayo sasa yalimzidi urefu, halafu akamgeukia Eliona akamtazama yeye.

"Asubuhi nzima mliniambia sijui kuigiza," akasema. Sauti ilikuwa ile ya chini, ya kukwaruza. "Mlisema kweli. Sijui."

Akakaa chini kwenye nyasi na suti yake. Bhavesh akamtafsiria Inge. Eliudi alitazama viatu vyake. Eliona aliuona uso huo wote, kuanzia paji mpaka kidevu, na aliona haya kwa miaka yote aliyoutilia shaka, na machozi yakamtoka bila kuyafuta.

Efraimu alipokuwa anasema, ng'ombe wa Eliona alikuwa ameachia mlio mmoja mrefu kutoka bandani. Kijana wa kamera akavua vipokea sauti masikioni, akasema jambo. Bhavesh akalitafsiri kwa sauti ya chini, kwa mazoea: maneno ya mzee hayakuingia, ng'ombe ameyafunika.

Inge akainua mkono, uleule mkono wa siku zile, wa kuomba irudiwe. Akaushikilia hewani. Akamtazama mzee aliyekaa kwenye nyasi akijifuta jicho kwa tai ya kwaya, akamtazama Eliona, kisha akaushusha mkono polepole na kumwambia kijana azime.

Eliona aliliona hilo nalo, kwa kuwa safari hii miwani yake alikuwa nayo usoni. Akamsogelea Inge, akamshika ule mkono uliokuwa umeshuka, akamwambia wameshayamaliza. Kisha akamwita shemeji yake waingie ndani, mtori umeshaiva.